Afya ya Chatu: Mwongozo kwa Mkazi wa Kisangani Mwenye Majirani

Vitabu vya ufugaji wa nyoka vimeandikwa Ulaya na Marekani, kwa watu ambao nyoka wao alizaliwa ndani ya sanduku la kioo na ambao jirani yao hajui hata kama wana paka. Ndiyo maana vinaanza na taa ya joto. Ukurasa wa kwanza taa, wa pili mashine ya kuongeza unyevu, wa tatu kifaa cha kuizima taa ikizidi, na msomaji wa mtaa wetu wa Mangobo anakifunga kitabu akijiona maskini. Asijione. Mji wetu uko nusu digrii tu kaskazini mwa Ikweta. Mvua yake kwa mwaka inapita milimita 1,600, joto la mchana hufika digrii 30, na usiku ni nadra kushuka sana chini ya 20. Kile ambacho Mbelgiji anakilipia umeme mwaka mzima wewe umepewa bure, pamoja na ukungu ulioota kwenye viatu vyako vya Jumapili. Kisangani yote ni kizimba cha nyoka kilichokamilika, na paa lake ni mawingu. Kazi iliyobaki ni kumpata nyoka, kisha kumzuia asife.

Sehemu ya pili ndiyo ngumu. Huko msituni chatu hana daktari wala mwongozo, na anaishi. Matatizo yake huanza siku anapopata mtu wa kumpenda.

Kumchagua mgonjwa

Kwetu nyoka wa kufuga hanunuliwi dukani. Anakuja ndani ya gunia, nyuma ya baiskeli ya toleka, kutoka njia ya Buta au ya Ituri, au anashushwa kutoka mtumbwini, na muuzaji anakutajia bei ya nyama. Usimlaumu. Chatu, yule ambaye wengi wetu tunamwita boa, anapikwa katika mkoa wetu wa Tshopo tangu kabla ya babu zetu, na mtu anayenunua mzima bila kuuliza kama ana mafuta anatia shaka. Muuzaji akikuuliza kama akukatie vipande, jibu kwa heshima kwamba utamla baadaye. Jibu hilo litakuokolea maelezo mengi na halimdhuru mtu.

Sasa mkague, na ukague kabla ya kutoa franka. Mwili wake uwe wa mviringo. Ukiona mgongo umechongoka na ngozi ya ubavuni inabaki na mikunjo hata akijinyoosha, amekosa maji na chakula siku nyingi. Macho yawe angavu, yasiwe yamedidimia. Ulimi utoke na kurudi, utoke na kurudi, kwa bidii ya mtu anayesoma notisi ya matokeo ya mtihani. Mpe sekunde chache ajizungushe mkononi mwako: nyoka mwenye afya anakukaba kidogo, na aliyelegea anataka kukufia kesho. Tazama shingo, kwa sababu wengi hufungwa kamba safari nzima, na kamba huacha kidonda kilichojificha chini ya magamba. Fungua mdomo taratibu kwa ukingo wa kadi ya zamani ya uchaguzi, hatimaye itakuwa imefaa kitu. Ndani kuwe na rangi ya waridi iliyofifia, bila madoa mekundu na bila utelezi mzito unaonyumbuka.

Kuhusu aina, usiwe na tamaa. Chatu wetu wa Afrika huanguliwa akiwa na urefu wa sentimita 60 hivi, mdogo wa kupendeza, na anaweza kufikia mita 5. Soma tena sentensi hiyo, kisha pima chumba chako. Kwa anayeanza, yule nyoka mdogo wa kahawia anayeingia majumbani kuwinda panya ni mwenzi mzuri zaidi, hana sumu na anatosha kwenye sanduku la kawaida. Yupo pia nyoka anayekula mayai ya ndege tu, ambaye hana hata meno ya maana, ila bei ya mayai sokoni itakufanya umtazame kwa wivu.

Wenye sumu waache walipo. Najua moma wa msituni ana michoro ya zambarau na kahawia isiyopatikana hata kwenye kitenge cha bei kubwa. Ana pia meno yanayofikia sentimita 5. Najua swila wa majini anayenaswa kwenye nyavu za wavuvi wa mto wetu anaonekana mnyonge akitolewa. Muulize mvuvi kwa nini anamtoa kwa ncha ya kasia.

Na kama unadhani elimu inamkinga mtu, sikiliza habari ya Karl Schmidt. Kati ya mwaka 1909 na 1915, Herbert Lang na James Chapin wa makumbusho ya New York walizunguka kaskazini-mashariki mwa Kongo wakikusanya wanyama, na mji huu, wakati huo Stanleyville, ulikuwa lango lao. Nyoka waliowakusanya wakaandikwa na Schmidt katika kitabu kilichotoka mwaka 1923. Alikuwa miongoni mwa wajuzi wakubwa wa nyoka duniani. Septemba 25, 1957, huko Chicago, aliletewa nyoka mdogo wa mitini kutoka Afrika ili amtambue jina. Akamshika, akang'atwa kidole gumba, jino moja tu likaingia. Akapanda treni akarudi kwake, akawa anaandika dalili zake moja baada ya nyingine kwa mwandiko safi: kichefuchefu, homa, damu kwenye fizi. Asubuhi akala chakula. Alasiri akafa. Wewe mwandiko wako haufiki ule.

Ukiumwa licha ya haya, tulia, vua pete na saa, usitembeetembee, upelekwe hospitali. Usichanje, usifunge kamba ya kukata damu, na lile jiwe jeusi linaloheshimiwa katika kila familia liache kabatini. Linanyonya jasho la kidole na muda wako. Ujue pia kwamba kiwanda cha Kifaransa kilichotengeneza dawa ya sumu iliyotegemewa sana Afrika kiliacha kuitengeneza mwaka 2014, na chupa za mwisho ziliisha muda wake mwaka 2016. Hilo pekee lingetosha kumaliza mazungumzo ya kufuga swila.

Kutapika, na suala la dola

Hapa tutakaa kidogo, kwa kuwa ndipo elimu ya mji wetu inapotofautiana na ya daktari wa mifugo.

Kila mtoto wa Kisangani anajua kwamba tajiri fulani ana chumba kisichofunguliwa, na ndani mna boa anayetapika pesa. Zamani alitapika zaire. Siku hizi, kwa sababu nyoka naye anafuata soko, anatapika dola, tena zile mpya zisizochanika pembeni, maana noti yenye tundu haipokelewi hata kama imetoka tumboni. Wachoraji wa Kongo wamemchora mara nyingi sana yule mama wa majini mwenye nyoka begani, na mnunuzi anaielewa picha bila maelezo. Kwa hiyo siku utakayoonekana unaingiza sanduku lenye waya, hesabu yako ya benki itajadiliwa mtaani kabla hujafika mlangoni. Mwenye lupango, yaani kiwanja unachopanga, atakuja jioni hiyohiyo na swali lake:

"Papa, samahani, hii nyoka yako inatapikaka ngapi kwa siku?"

Mjibu ukweli: "Mama, akitapika, ni mgonjwa." Hataamini, lakini wewe uamini.

Chatu hutapika panya. Anatoka nusu ameyeyuka, mrefu kuliko alivyoingia, na harufu yake inaweza kuhamisha familia. Sababu ni chache na karibu zote zina jina lako. Ya kwanza, ulimshika akiwa ameshiba. Baada ya kula aachwe angalau saa 48, asiguswe, asionyeshwe kwa shemeji, asipigwe picha shingoni mwa mtu. Ya pili, ulimpa mnyama mkubwa kupita kiasi. Kipimo ni sehemu nene zaidi ya mwili wa nyoka mwenyewe, panya asizidi hapo. Ya tatu ni baridi, kwani nyoka hana moto wake wa ndani na tumbo lake husaga kwa joto la nje. Usiku wa mvua ndefu weka sanduku mbali na dirisha na sakafu ya saruji. Ya nne ni vimelea, na hao tutawafikia.

Akishatapika, usimlishe upesi kwa huruma. Asidi ya tumbo imepungua na koo limeungua. Mpe maji, mwache siku 10 hadi 14, kisha umpe mnyama mdogo kuliko yule wa kwanza. Akitapika mara mbili au tatu mfululizo hali ni ya hatari. Anayetapika kila siku atakufa, iwe jirani ameona dola au hakuona.

Kutokula nako kunawatisha watu bure. Sisi tuliozoea kula mara moja kwa siku tungemwelewa vizuri zaidi. Chatu mchanga anatosheka na panya mmoja kwa wiki, na mkubwa anaweza kula kila baada ya wiki tatu au nne. Akiwa karibu kujivua gamba hali. Akiwa mgeni hali. Jike lililojizungushia mayai yake halili mpaka yaanguliwe. Mradi hakondi na ulimi unafanya kazi, kaa utulie, na usiruhusu shangazi amshindilie lituma mdomoni.

Panya wenyewe

Utasema, panya Kisangani! Si wamejaa darini? Wamejaa, na ndiyo sababu kila soko lina kijana mwenye kipaza sauti anayeuza sumu ya kuwaua. Panya aliyelamba sumu ile jana anatembea leo, taratibu kidogo, na ni rahisi sana kumkamata. Unampelekea chatu, unajisifu kwamba umeokoa pesa. Siku chache baadaye huenda chatu akavuja damu ndani kwa ndani. Fuga panya wako mwenyewe kwenye boksi, au nunua kwa mtu anayewafuga.

Tena mpe akiwa amekufa. Najua mashabiki wanataka kuona vita. Vita huwa tofauti na wanavyotarajia: nyoka asiye na njaa anakaa, panya mwenye njaa anaanza kumtafuna mgongo, na asubuhi unamkuta panya amenenepa na chatu ana kidonda hadi kwenye mbavu.

Kifua

Nyoka hana kiwambo cha kusukuma pumzi na hawezi kukohoa. Wewe ukishikwa na kifua mtaa mzima unasikia. Yeye kamasi hujikusanya kimyakimya ndani ya pafu hadi anapokaribia kuzama kwayo. Kwa hiyo lazima uangalie. Dalili ya mapema ni sauti: mlio mwembamba au mkwaruzo kila akivuta hewa. Kisha mapovu puani, mate mazito mdomoni, mdomo wazi ilhali hana hasira. Mwisho anainua kichwa na kukiweka juu muda mrefu, akitafuta njia ya hewa. Jirani atasema anasali.

Vitabu vya Ulaya vinalaumu baridi. Kwetu tulaumu kwanza makala, haya makaa ya jikoni. Sanduku la nyoka huwekwa jikoni kwa sababu "kuna joto", na kule anavuta moshi wa jiko kutwa mara tatu. Tulaumu pia sanduku lisilo na matundu. Mfugaji wa Kisangani anasoma kwamba nyoka anapenda unyevu, naye anazidi kumnyunyizia maji, katika mji ambao nguo haikauki siku mbili. Unyevu unao wa kutosha. Unachohitaji kumnunulia ni upepo: waya wa matundu pande mbili, sanduku likae juu ya meza, nje ya moshi, chini ya kivuli. Kivuli hasa. Chumba kilichoezekwa manjanja bila dari, saa saba mchana wa kiangazi, kinaweza kumwokea ndani ya sanduku lake, na nyoka aliyepitishwa digrii 38 kwa muda hapumui tena vizuri wala vibaya.

Mgonjwa wa kifua anahitaji sindano ya antibiotiki, na dozi yake inahesabiwa na mtu anayejua. Ile kapsulu ya rangi mbili inayouzwa rejareja chini ya mwavuli sokoni Makiso haimhusu. Mwili wa nyoka unaondoa dawa polepole kiasi kwamba zipo antibiotiki anazochomwa mara moja tu kila saa 72, na desturi ya madaktari ni kumchoma sehemu ya mbele ya mwili, si mkiani. Mwenye kukushauri pilipili, vitunguu saumu au kifuniko cha lotoko mshukuru, umnyweshe yeye hiyo lotoko.

Ngozi, magamba ya tumbo na watalii wadogo weusi

Msomaji wa Nairobi au Dodoma akisoma sura ya kujivua gamba ana haki ya kuhangaika. Huko hewa kavu huifanya ngozi itoke vipandevipande, na kile kigamba kinachofunika jicho, kwa kuwa nyoka hana kope, hubaki palepale mpaka mnyama apofuke. Wa Kisangani hana shida hiyo. Macho yatakuwa ya maziwa kwa siku chache, rangi itafifia, atanuna, kisha asubuhi moja utaikuta ngozi nzima, kuanzia midomo hadi ncha ya mkia, bila tundu. Mwaka 2011 chama tawala cha Tanzania kilitangaza kwamba kinajivua gamba, na magazeti yaliandika mwaka mzima. Nyoka hufanya kwa usiku mmoja na haiti mkutano. Ngozi iteketeze au ifiche, kwa maana kuna watu watakaoiomba kwa ajili ya biashara, penzi na mitihani ya serikali.

Tatizo la ngozi kwetu liko chini, tumboni. Chatu anayelalia sakafu mbichi wiki nzima hupata magamba ya tumbo yenye rangi ya kahawia au wekundu, kisha malengelenge, kisha vidonda vinavyonuka. Tiba ya mwanzo ni kumkausha: osha kwa maji yenye iodini iliyopunguzwa hadi rangi ya chai hafifu, umweke mahali pakavu, ubadilishe matandiko kila yanapolowa. Vumbi la mbao ni la bure kwenye viwanda vyetu vya kupasua magogo, lakini lina utomvu, linaingia puani na linashika maji. Tandika karatasi. Gazeti ni nadra mjini, ila mji wenye chuo kikuu haukosi karatasi. Silabusi ambayo mwanafunzi alilazimika kuinunua ili afaulu, na ambayo hakuifungua tangu afaulu, hunyonya unyevu vizuri ajabu.

Karatasi nyeupe ina faida nyingine: inaonyesha utitiri. Hawa ni wadudu weusi, wadogo kuliko mbegu ya mchicha, wanaokaa pembeni mwa macho, chini ya kidevu na kati ya magamba, wakinyonya damu. Ukimwona chatu anashinda ndani ya bakuli la maji kutwa nzima, usiseme anapenda kuoga. Anajaribu kuwazamisha. Tazama maji, utaona vitone vyeusi chini. Mwogeshe kwa maji ya uvuguvugu, choma matandiko, mwagia sanduku maji yanayochemka kwenye kila mwanya na ulianike juani likiwa tupu. Rudia kwa wiki kadhaa, kwa sababu mayai ya utitiri hayako juu ya nyoka, yako kwenye nyufa za mbao yakikusubiri uridhike. Dawa ya mbu ya kopo, petroli ya taa na maji ya betri, ambayo yote nimeyasikia yakipendekezwa kwa sauti ya uhakika, huua utitiri wote. Nyoka anawafuata.

Mdomo mwekundu nao hutokana na hayohayo, uchafu, baridi na kujigonga kwenye waya akitafuta kutoka. Usaha wa nyoka hautiririki, huganda kuwa vipande vya njano kwenye fizi. Ukiviona usivichokonoe kwa njiti.

Wapo pia wagonjwa usioweza kuwatibu. Virusi vilivyotambuliwa mwaka 2012 na watafiti wa California huwapata boa wa Amerika na chatu: mnyama anatazama juu bila sababu, anapinduka chali na hajui njia ya kurudi. Tiba haipo. Kinga ni kumtenga kila mgeni miezi mitatu katika chumba chake, na bakuli lake na kijiti chake. Mtu wa lupango lenye watu kumi na wanne na vyumba vitatu, ambaye anamtafutia nyoka chumba cha pili cha kumtenga, atakuwa ameshafika mbali sana katika mapenzi haya.

Wapangaji wa mapafuni

Niliahidi vimelea. Chatu na moma wa misitu yetu mara nyingi hubeba mapafuni wanyama wenye pete nyeupe mwilini, wanaoonekana minyoo lakini kwa ukoo ni karibu na kaa na kamba. Wanaitwa Armillifer. Mayai yao hutoka na mate na kinyesi cha nyoka. Yakiingia kwa binadamu yanaanguliwa na kutafuta makazi ndani ya mwili. Mwaka 2014 madaktari walieleza habari za wagonjwa wa Sankuru, majirani zetu wa kusini-magharibi, ambao viluwiluwi hivyo viliwaingia machoni, na wengine waliharibikiwa na jicho kabisa. Njia kuu ni nyama ya nyoka isiyoiva na mikono iliyomtayarisha.

Kwa hiyo hapa mwongozo huu unawageukia hata wale wasiofuga. Ukimla, mpike aive hasa, liboke likae juu ya makala mpaka nyama iachane na mbavu, na ubao wa kukatia usikatie tena sombe kabla haujaoshwa. Ukimfuga, kinyesi kiokote kwa karatasi siku hiyohiyo na ukifukie, wala bakuli lake lisioshwe kwenye beseni la vyombo.

Panga la ghafla

Ugonjwa huu haumo kwenye vitabu vyao, na kwetu ndio unaomaliza wengi. Hauna homa wala mapovu. Dalili zake hujitokeza kwa majirani kwanza: minong'ono inayokatika ukipita, watoto wanaohesabiwa kila jioni, mchungaji wa kanisa la maombi anayeuliza namba ya nyumba yako katikati ya mahubiri. Hatua ya pili ni nyoka kutoweka sandukuni, kwani chatu ni msuli mtupu na husukuma kifuniko usiku kucha bila kuchoka. Hatua ya tatu ni sauti ya mwanamke mmoja bafuni. Ya nne huchukua chini ya dakika moja, na ya tano ina nyanya, kitunguu na mafuta ya mawese.

Kinga ni kufuli. Si kamba, si tofali juu ya kifuniko, ni kufuli, na ufunguo uwe kwako. Mjulishe shefu wa kartie mapema, kabla hajajulishwa na wengine. Siku ya kulisha fanya hadharani mara moja, waite wazee wamwone panya akiingia na waone kwamba hakuna kinachotoka. Watachoka na kuondoka, na heshima yako itashuka hadi kiwango salama. Mtoto yeyote wa lupango akishikwa na homa, uwe wa kwanza kumpeleka akapimwe malaria na ununue chandarua, maana nyoka wako atashtakiwa kabla ya mbu, na katika mji huu wako watoto waliofukuzwa nyumbani kwa tuhuma ndogo kuliko hiyo. Hapo mimi sitanii. Ikiwa kumfuga kutamletea mtoto wa mtu hatari ya kuitwa mchawi, mtoe chatu leo.

Kumtoa lakini si kumsafirisha kwa faida. Chatu wote wamo kwenye orodha za CITES, na nchi hii ina sheria ya uhifadhi nambari 14/003 ya Februari 11, 2014. Kumpakia kwenye baleinière inayoteremka kilomita 1,700 na ushei hadi Kinshasa, na baadaye kumvusha mto bila kibali, kutakutambulisha kwa maofisa wengi, na wote watakuwa na njaa. Wala usimwachie msituni akiwa na utitiri na kifua, akawagawie wenziwe magonjwa yako. Mponye kwanza.

Mikono, mwisho na urithi

Nyoka mwenye afya kamili hubeba salmonela tumboni bila kuumwa. Anayeumwa ni mtoto mchanga wa dada yako uliyempa amshike mkia. Nawa kwa sabuni kila umgusapo, usimbusu kwa ajili ya picha, na walio chini ya miaka mitano wamwone kupitia waya.

Jambo moja bado, nalo wafugaji hulikumbuka wakiwa wamechelewa. Nyoka ukimtunza hafi upesi. Katika bustani ya wanyama ya St. Louis, Marekani, mwaka 2020, chatu jike wa aina ndogo ya Afrika, aliyekadiriwa kuwa na umri wa zaidi ya miaka 60, alitaga mayai bila kukaribiana na dume kwa miaka mingi. Wako naye, ukifuata niliyoyaandika, anaweza kukuvusha miaka 20 au 30, kupitia kodi za nyumba, harusi za wadogo zako na uchaguzi kadhaa. Mtafutie mrithi mapema. Awe mtu wa kuaminika, mwenye kufuli lake, na asiwe mpishi.